Kilimatinde Haikuingia Kwenye Filamu

Tarehe 31 Julai 1916, askari wa Afrika Kusini chini ya Jenerali Jacob van Deventer waliingia Kilimatinde, kwenye ngome ya Wajerumani iliyokaa juu ya ukingo wa Bonde la Ufa, katika nchi ambayo leo ni wilaya ya Manyoni, mkoani Singida. Siku mbili kabla ya hapo walikuwa wameichukua Dodoma. Stesheni ya Saranda nayo ikaanguka. Kwa hesabu za makao makuu, lengo lilikuwa limetimia: kipande kirefu cha Reli ya Kati kilikuwa kimetoka mikononi mwa Wajerumani.

Wiki tatu baadaye, kumbi za sinema za Uingereza zilianza kuonyesha filamu ya *The Battle of the Somme*. Ilikuwa filamu bubu, kama zilivyokuwa zote wakati huo: picha zinakwenda, mpiga kinanda anapiga ukumbini, na katikati ya picha yanatokea maandishi ya kueleza kinachoendelea. Inakadiriwa kwamba watu milioni 20 waliitazama katika wiki sita za mwanzo. Ilihusu vita vya mto Somme, kule Ufaransa, ambako siku ya kwanza tu, tarehe 1 Julai 1916, jeshi la Uingereza lilipata majeruhi, waliopotea na waliokufa 57,470, na kati yao 19,240 walikuwa wamekufa. Wapiga picha wawili, Geoffrey Malins na John McDowell, walikuwepo na kamera zao.

Naiheshimu filamu ile. Ilithubutu kuonyesha maiti na majeruhi kwa wake na mama za askari waliokuwa bado wako vitani. Kile kipande kinachokumbukwa kuliko vyote, cha askari wanaopanda kutoka handakini na wengine kuanguka palepale, wataalamu wamekwisha kueleza kwamba kiliigizwa nyuma ya uwanja wa mapigano, lakini sehemu kubwa ya kilichobaki ni ya kweli. Kinachonishughulisha ni jambo jingine. Tazama inavyoanza: milima ya makombora, mizinga inayojazwa, vikosi vinavyopita mbele ya kamera vikipunga mkono. Ni picha ya maandalizi yaliyokamilika. Mpango mzima wa Somme ulisimama juu ya jambo moja ambalo halionekani popote kwenye filamu: kwamba makombora kama milioni moja na nusu yaliyofyatuliwa kwa wiki nzima yangekata seng'enge na kuwamaliza Wajerumani mahandakini mwao. Hayakufanya hivyo. Mengi hayakulipuka, seng'enge ilibaki sehemu nyingi, na mahandaki ya Wajerumani yalikuwa ya kina kirefu.

Watu wanaoandika miradi wanayajua vizuri mambo ya namna hiyo. Kwenye bango kitita, lile jedwali la muhtasari wa mradi, baada ya malengo, shughuli na viashiria, upande wa mwisho kabisa kuna safu ya dhana, yaani yale mambo ambayo mpangaji anayachukulia kuwa yatakuwepo ili mengine yote yawezekane: mvua itanyesha kwa wakati, barabara itapitika, wananchi watachangia nguvu kazi, vipuri vitapatikana. Ndiyo safu inayojazwa mwisho, mara nyingi usiku wa kuamkia siku ya kuwasilisha andiko. Na ndiyo safu ambayo hakuna kamera inayoweza kuipiga picha siku ya uzinduzi. Maangamizi mengi ya kijeshi ninayoyafahamu, na miradi mingi iliyokufa ninayoifahamu, yalianzia humo.

Kampeni ya mwaka 1916 katika nchi yetu ilikuwa na safu hiyo ndefu. Jan Smuts alishika uongozi wa majeshi ya Uingereza Afrika Mashariki mwezi Februari mwaka huo. Wazo lake lilikuwa kwenda haraka, kumzunguka adui kwa askari wapanda farasi na kumaliza vita kabla mambo hayajawa marefu. Van Deventer akatumwa kutoka Arusha kushuka Kondoa Irangi, naye akaichukua Kondoa tarehe 19 Aprili. Kwenye karatasi ulikuwa ushindi mzuri. Lakini Aprili ni masika. Kutoka Moshi, yalikokuwa maghala, hadi Kondoa ni zaidi ya kilomita 300 za njia ambayo mvua iliigeuza tope. Malori yalizama, madaraja yakaondoka, na vikosi vya mbele vikakaa wiki kadhaa vikila nusu posho na chochote walichokipata mashambani. Farasi walikufa kwa mamia. Mbung'o na maradhi ya farasi havikuwa siri: mfugaji yeyote wa Ugogo au Unyaturu angewaeleza njia zipi hapitishwi mnyama, na kwa nini mizigo ya misafara ya biashara iliyopita Kilimatinde miaka yote ilibebwa na wanadamu. Ndani ya mwaka huo mmoja farasi, nyumbu na maksai waliokufa katika vita hivi walihesabiwa kwa makumi ya maelfu. Wengine wakaletwa, wakafa nao.

Wanyama walipokwisha, mzigo ulihamia kichwani mwa mtu. Hapo ndipo napenda msomaji akae na hesabu, kwa sababu hesabu hii ndiyo kampeni yenyewe.

Mchukulie mpagazi mmoja anayebeba kilo 25 za unga. Anakula kama kilo moja kwa siku, na anatembea kilomita 20. Akipeleka mzigo mahali pa umbali wa siku kumi, atakuwa amekula kilo 10 wakati wa kwenda, na anahitaji kilo 10 nyingine za kurudia. Atakachokabidhi ni kilo tano. Sasa weka huko mbele askari 100 tu, kila mmoja na kilo yake moja kwa siku. Lazima wapagazi 20 wafike kila siku, na kwa kuwa kila mmoja anatumia siku 20 kwenda na kurudi, wanahitajika wapagazi 400 barabarani bila kukoma, kwa ajili ya askari 100, kabla hujahesabu risasi, dawa, mahema na masanduku ya maofisa. Sogeza kambi mbele siku tatu zaidi, na mpagazi atamaliza chakula chote alichobeba kabla hajarudi nyumbani. Kuanzia hapo jeshi linakula kutoka kwa mwenyeji, au mpagazi hali.

Yalitokea yote mawili. Oscar Watkins, ofisa aliyesimamia kikosi cha wapagazi cha Waingereza, aliona watu wake wakifa kwa kuhara damu kwa sababu walipewa unga wasiouzoea, bila muda wa kuupika ukaiva, bila blanketi za kutosha kwenye baridi na mvua. Wanahistoria wengi hutaja wapagazi 95,000 waliokufa upande wa Uingereza, na wapo wanaosema walizidi 100,000. Kambi yao ya Dar es Salaam ilikuwa pale Kariakoo, tunaponunua nyanya na vitenge. Sanamu ya Askari, iliyozinduliwa mwaka 1927 katikati ya jiji, ina mtu mmoja aliyeshika bunduki yenye singe. Wapagazi wametajwa kwenye maandishi ya chini, lakini hawakuchongwa.

Je, hakukuwa na kamera? Ilikuwepo. Cherry Kearton, Mwingereza aliyekwisha kujipatia jina kwa kupiga picha za wanyama na kumfuata Theodore Roosevelt kwenye mawindo yake ya Kenya mwaka 1909, alijiunga na kikosi cha 25 cha Royal Fusiliers na akapiga filamu za kampeni hii. Picha zake zimehifadhiwa kwenye makumbusho ya Imperial War Museum, London. Kamera za enzi hizo zilitumia filamu ya milimita 35, na mkanda wa mita 120 uliisha kwa dakika sita au saba. Filamu yenyewe ilikuwa sehemu ya mzigo, nayo ilibebwa kichwani. Mpiga picha mwenye dakika sita hawezi kumfuata mpagazi siku 20. Atapiga picha ya kuondoka na picha ya kuwasili, maana hizo zinaingia kwenye mkanda. Simlaumu. Ila matokeo yake ni kwamba kumbukumbu ya vita iliyobaki ina vichwa na mikia, na tumbo lake halimo.

Tumbo la vita hivyo lilikuwa Ugogo, pamoja na upande wa magharibi wa nchi hiyo unaoingia Manyoni. Wajerumani walipokuwa wanarudi nyuma walichukua ng'ombe, nafaka na wanaume wa kubeba. Waingereza walipofika wakachukua ng'ombe, nafaka na wanaume wa kubeba. Ugogo ni nchi ya mvua chache, ambako kaya huishi kwa akiba ya uwele na mtama kihengeni, na kwa mifugo inayobadilishwa chakula mwaka ukiwa mbaya. Kihenge kikafagiliwa, zizi likafagiliwa, na vijana wa kulima wakawa njiani na mizigo. Mvua ilipokosekana mwishoni mwa vita hakuna kilichobaki cha kubadilisha. Homa kali ya mafua iliyoizunguka dunia mwaka 1918 ikawakuta watu wamedhoofu. Njaa hiyo wazee wanaiita Mtunya. Ofisa mmoja wa utawala wa Kiingereza alikadiria kwamba katika watu 150,000 wa Ugogo, 30,000 walikufa. Mwanahistoria Gregory Maddox ameifanyia kazi kubwa njaa hii, na ndiye aliyeshughulikia toleo la Kiingereza la kitabu cha Mathias Mnyampala kuhusu Wagogo. Mnyampala, malenga wetu mkubwa, alizaliwa Ugogo mwaka 1917. Alikuwa mtoto mchanga katika miaka hiyo. Kila nikikutana na jina lake kwenye diwani, hufikiria wale wa rika lake ambao hawakuvuka.

Kaskazini mwa mkoa wa Singida, mambo yalikuja kwa sura nyingine. Februari 1917 ofisa wa Kijerumani, Max Wintgens, alijitenga na wenzake kusini akaelekea kaskazini na askari wapatao 500. Alipougua akajisalimisha kwa Wabelgiji mwezi Mei, na uongozi ukashikwa na Heinrich Naumann. Naumann alivuka Reli ya Kati na mwezi Juni akawa Mkalama, nchi ya Waihanzu, akaizingira ngome iliyojengwa na Wajerumani wenzake na ambayo sasa ilikuwa na kikosi cha Waingereza. Alishindwa kuiteka akaondoka, akaenda Ikoma, akarudi akaichukua Kondoa kwa muda, mpaka aliposalimu amri mwanzoni mwa Oktoba. Alitembea kiasi cha kilomita 3,000 katika safari hiyo. Vitabu vya vita huisifu kama ushujaa wa kuzunguka bila ghala wala njia ya ugavi. Mimi nikisoma kwamba watu 500 wenye silaha, pamoja na wapagazi wao, walipita nchi nzima bila njia ya ugavi, najiuliza walikula nini, na jibu liko kwenye vihenge vya Mkalama. Maelfu ya askari waliomkimbiza nao walikula. Jeshi moja lilikuwa na mpango mkubwa wa maghala uliovunjika, jingine halikuwa na mpango wowote wa maghala. Kwa mama mwenye kihenge haikuleta tofauti.

Smuts aliondoka Januari 1917 akatangaza Uingereza kwamba kazi kubwa imekwisha. Von Lettow-Vorbeck, kamanda wa Wajerumani, aliweka silaha chini Abercorn, Mbala ya leo, tarehe 25 Novemba 1918. Ripoti ya kukamilika kwa mradi ilitoka karibu miaka miwili kabla mradi haujakamilika.

Askari wengi wa Afrika Kusini walirudishwa kwao mwishoni mwa 1916, wakiwa maelfu kwa maelfu, wamechakazwa na malaria. Desemba hiyohiyo, nchini mwao, ilizinduliwa filamu bubu ya *De Voortrekkers*, iliyotengenezwa na kampuni ya Isidore Schlesinger na kuongozwa na Harold Shaw. Ilihusu makaburu na vita vya Blood River vya mwaka 1838. Wakati wa kuipiga, mapigano ya kuigiza yaligeuka mapigano kweli kati ya waigizaji weusi, ambao walikuwa wafanyakazi wa migodini, na wale weupe, hadi polisi wakaingilia. Mwaka 1918 kampuni hiyo ikatoa *Symbol of Sacrifice*, juu ya vita vya Waingereza na Wazulu vya 1879 na kipigo cha Isandlwana, ambako zaidi ya watu 1,300 wa jeshi la Uingereza waliuawa kwa siku moja. Kampeni iliyoanza kwa dharau na mpango mbovu ikageuzwa hadithi ya kujitoa mhanga na bendera. Watu waliokuwa wametoka kuona maangamizi ya kweli huku kwetu, yenye mashahidi hai na homa bado mwilini, walikaa gizani wakitazama maangamizi ya miaka 40 nyuma yaliyokwisha kupambwa. Hakuna aliyetengeneza filamu ya Mtunya.

Singida imejitunzia kumbukumbu zake bila kamera. Liti Kidanka, mwanamke wa Kinyaturu ambaye simulizi zinasema aliwapinga Wajerumani kwa makundi ya nyuki, jina lake liko kwenye uwanja wa mpira mjini Singida, na mechi ya ligi inapotangazwa redioni kutoka hapo linatajwa nchi nzima. Ngome ya Mkalama nayo bado ina magofu yake. Simulizi na mawe vinafanya kazi ambayo filamu haikuifanya.

Filamu kama mradi nayo ilipata kujaribiwa hapa Tanganyika. Mwaka 1935, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani na chini ya mwavuli wa Baraza la Kimataifa la Misheni, Meja Leslie Notcutt na mwenzake Latham waliweka kituo Vugiri, kwenye milima karibu na Korogwe. Mradi ulijulikana kama Bantu Educational Kinema Experiment. Walitengeneza filamu 35, zilizopigwa bila sauti kwenye mkanda wa milimita 16 na kusindikizwa na sahani za santuri zenye maelezo kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwemo. Zilihusu chai, ngozi, safura, akiba ya posta, kodi. Lori lenye jenereta, projekta na kitambaa cheupe lilizunguka Afrika Mashariki na ya Kati. Dhana iliyobeba mradi ilikuwa kwamba picha inaeleweka na kila mtu na sauti itafuata. Sahani ikitangulia au kuchelewa kidogo, maneno yanamhusu mtu aliyekwisha kutoka kwenye picha. Kijiji kina lugha yake na sahani ina nyingine. Kwa hiyo mtu anayejua lugha ya mahali, aliyesimama kando ya kitambaa na kuwaeleza watu, alikuwa na thamani kuliko mtambo. Mwaka 1937 mradi ulifungwa baada ya serikali za Kenya, Uganda na Tanganyika kukataa kubeba gharama zake. Nazo serikali zilikuwa dhana, tena kubwa.

Nimeeleza haya yote kwa sababu siku hizi hakuna mradi unaofungwa bila filamu fupi. Ndege ndogo isiyo na rubani inaruka, kijiji kinaonekana kutoka juu, mgeni rasmi anakata utepe, maji yanaruka bombani, mtoto anacheka. Sauti ipo, lakini ni ya msimulizi wa mjini, na mara nyingi ukizima sauti hupotezi kitu. Kwa maana hiyo ni filamu bubu bado. Nilikuwepo katika kijiji kimoja cha Manyoni filamu ya namna hiyo ilipoonyeshwa kwenye ukuta wa darasa, mbele ya walewale waliopigwa picha. Walishangilia kujiona. Maji yalipotokea ukutani, mama mmoja aliyekuwa amekaa chini na ndoo yake akauliza kwa sauti ya kawaida kabisa, "Hii ni lini?" Pampu ilikuwa imesimama tangu kiangazi kilichopita, kilichokosekana ni kifaa kimoja ambacho fundi alisema kinapatikana Dar es Salaam. Kamati ya maji ilikuwa na fedha kidogo benki, lakini mmoja wa watia saini alikuwa amehama. Mwenyekiti wa kijiji akanionyesha andiko la mradi kwenye simu yake. Upatikanaji wa vipuri ulikuwemo, kwenye safu ya mwisho, mstari mmoja.

Tawi la reli kutoka Manyoni kupitia Singida hadi Kinyangiri lilijengwa miaka ya 1930 kwa matumaini ya mzigo ambao haukuja kwa wingi uliotarajiwa, na miaka ya 1940 likang'olewa. Miongo kadhaa baadaye ikajengwa tena reli ya Manyoni na Singida, karibu na ilipokuwa ya kwanza. Sijawahi kuona picha ya siku reli ile ilipong'olewa. Ingekuwa na manufaa kwa wahandisi kuliko picha mia za uzinduzi.

Ombi langu kwa halmashauri na mashirika yanayofanya kazi Singida ni dogo na linatekelezeka. Filamu ya mradi ipigwe mara mbili. Ya kwanza wakati wa uzinduzi, kama kawaida. Ya pili baada ya masika mawili kupita, ikimfuata mtu mmoja anayeubeba mradi kwa mikono yake: mtunza pampu, mama anayekusanya ada ya maji, dereva wa lori la pembejeo anayekwama mbugani. Aulizwe nini kilidhaniwa kitakuwepo na hakikuwepo, kwa Kinyaturu, Kinyiramba, Kigogo au Kiihanzu, lugha anayoitumia kukasirika. Kisha ionyeshwe kijijini kabla ya kupelekwa Dodoma, na aliyeandika andiko awepo amekaa miongoni mwa watazamaji. Simu za mkononi za leo zinapiga picha saa nzima bila kubadilisha mkanda, kwa hiyo udhuru wa Kearton hatuna. Gharama yake ni mafuta ya pikipiki na posho ya mtu mmoja kwa siku mbili, na kifungu cha ufuatiliaji na tathmini kinaibeba.